Kampuni iliyotaka piano iondoke

Mwishoni mwa mwaka 1990, wakuu wa kampuni ya muziki ya Atlantic ya Marekani walisikiliza nyimbo mpya za mwimbaji na mpiga piano Tori Amos na kuzikataa. Kwa maelezo ya Amos mwenyewe, aliyoyarudia mara nyingi katika mahojiano, walitaka piano zifutwe na mahali pake pawekwe magitaa. Aligoma. Albamu iliyozaliwa na mvutano huo, Little Earthquakes, ilitoka Uingereza Januari 1992 na Marekani mwezi uliofuata, piano ikiwa mbele kabisa, bega kwa bega na sauti yake.

Tangu hapo kisa hiki husimuliwa kama ushindi wa msanii jasiri dhidi ya matajiri wasio na masikio. Kuna ukweli humo, lakini si wote. Atlantic ilikuwa na haki ya kusema kazi bado haijaiva. Ilichokosea ni dawa iliyoiandika.

Amos, binti wa mchungaji wa Kimethodisti, alizaliwa North Carolina mwaka 1963. Akiwa na miaka mitano alikuwa tayari anasoma Peabody, chuo cha muziki cha Baltimore chenye sifa kubwa, na alipofika miaka 11 alikwisha kuondoka huko, maana alipenda kupiga kwa kusikia kuliko kusoma nota. Tangu umri wa miaka 13 alipiga piano kwenye baa za Washington, baba yake akimsindikiza ili mambo yasiharibike. Mtu aliyekulia juu ya kiti cha piano namna hiyo hutunga kwa vidole kabla ya kutunga kwa maneno. Ukimwondolea piano, wimbo wenyewe hauna pa kusimama.

Tena Atlantic ilikwisha kujaribu njia nyingine. Mwaka 1988 ilimtoa akiwa na bendi ya roki iitwayo Y Kant Tori Read: nywele zimetimuliwa, upanga mkononi kwenye jalada, na kwenye ngoma Matt Sorum, ambaye baadaye alijiunga na bendi ya Guns N' Roses. Albamu ilianguka vibaya. Miaka miwili tu baada ya anguko hilo, watu walewale wakataka magitaa tena! Hapo ndipo penye kosa lisiloteteeka. Ushahidi wa nini hakifai ulikuwa kwenye makabati yao wenyewe.

Hata hivyo, zile nyimbo zilizokataliwa hazikuwa Little Earthquakes tunayoijua leo. "Precious Things" haikuwamo. "Me and a Gun" haikuwamo. Baada ya kukataliwa, Amos alijifungia na prodyuza Eric Rosse, wakarekodi kwa bajeti ndogo, wakatoka na nyimbo zaidi, ukiwamo ule ulioipa albamu jina lake. Hizi ndizo zenye makali. "Precious Things" inaanza kwa piano inayokimbia huku mtu akisikika anahema, na inatosha kumaliza ubishi wa anayedhani ala hii ni ya ukumbini na chai ya jioni. Bila lile "hapana" la kwanza, huenda tungepata albamu nzuri, ya upole zaidi, na tungeisahau mapema.

Naye Rosse anastahili shukrani nyingine. Amos amesimulia kwamba "Silent All These Years" alikusudia kumpa mwimbaji Al Stewart, mpaka Rosse alipomwambia kwamba huo ni wimbo wa maisha yake mwenyewe. Hiyo ndiyo kazi ya prodyuza: kumrudishia msanii kilicho chake.

Kampuni ikamhamishia London, ikiamini Waingereza wangemwelewa haraka zaidi. Uamuzi huo ulikuwa wa busara. Huko, baada ya kutazama filamu ya Thelma & Louise, aliandika "Me and a Gun", akieleza jinsi alivyobakwa akiwa na umri wa miaka 21. Katika albamu iliyopiganiwa kwa ajili ya piano, wimbo mzito kuliko yote hauna piano, wala ala yoyote. Ni sauti tupu. Aliyekataa kufutiwa piano alijua pia saa ya kuiacha mwenyewe, na tofauti kati ya mambo hayo mawili ni kubwa mno.

Mapokezi hayakuwa ya kishindo. Uingereza albamu ilifika nafasi ya 14, Marekani ya 54. Januari hiyohiyo ya 1992 Nevermind, albamu ya bendi ya roki ya Nirvana, ilikuwa imepanda kileleni Marekani, na magitaa ndiyo yaliyotawala redio. Amos akazunguka dunia mwaka mzima peke yake na piano, akiketi kuielekea hadhira, mguu huku mguu kule. Baada ya maonyesho, wanawake walimfuata kumweleza yaliyowapata wao, mengi yakiwa hayajawahi kuambiwa mtu. Mauzo yalipanda taratibu, yakavuka nakala milioni mbili nchini Marekani.

Simulizi hizo hazikuishia mlango wa nyuma wa ukumbi. Mwaka 1994 Scott Berkowitz alianzisha RAINN, shirika la Marekani linalowasaidia kwa simu watu waliobakwa au kudhulumiwa kingono, na Amos akawa msemaji wake wa kwanza. Sehemu ya fedha za kuanzishia ilitoka Atlantic. Mwaka 1997 kampuni iliitoa tena "Silent All These Years" ili mapato yaende kwa shirika hilo, ikiwa na piano yake ileile.