Pete Iliyozama Kisimani



Kila baada ya swala ya Alasiri, watoto wa madrasa yetu hapa Visiga husimuliwa hadithi moja kabla ya kurudi makwao. Wiki iliyopita walisikia kisa mashuhuri cha Alfu Lela Ulela: mvuvi aliyevua mtungi wa shaba uliozibwa kwa risasi, juu yake pana muhuri wa Nabii Sulaiman, na ndani yake amefungwa jini. Kabla kisa hakijaisha, mtoto mmoja akavuta uzi shingoni mwake, akatuonesha kibati kilichochorwa nyota ya pembe sita na herufi zisizounga neno. "Ustadhi, muhuri wenyewe huu hapa. Unanikinga na degedege."

Swali la mtoto huyo linastahili kujibiwa, na jibu lake wazazi tunalihitaji zaidi.

Katika ulimwengu wa hadithi, muhuri ule una kazi yake, na hatuoni ubaya kuwasimulia watoto. Wasimulizi huongeza kwamba ulikuwa katika pete; kwamba shetani alipoichukua, ufalme ulimponyoka Nabii Sulaiman, mpaka pete ilipopatikana tumboni mwa samaki. Ni kisa kitamu, lakini wafasiri kama Ibn Kathir wamekihesabu katika Israiliyyat.

Qur'ani haikuitaja pete hiyo. Katika Surat Saad tunasoma kwamba Nabii Sulaiman aliomba maghfira na ufalme, na Mola wake akamtiishia upepo na mashetani. Nguvu ilitoka kwa Mwenye kuombwa. Na Surat Sabaa inatueleza kwamba alipofariki, majini waliendelea kutumika bila kujua, mpaka mdudu alipoila fimbo yake. Viumbe wasioijua hata maiti iliyo mbele yao tunawaogopea nini?

Mtume wetu Muhammad (s.a.w.) naye alikuwa na pete. Ilikuwa ya fedha, imeandikwa Muhammad Rasulullah, naye aliivaa kwa sababu wafalme hawakukubali barua isiyopigwa muhuri. Baada yake waliivaa Abubakar, kisha Umar, kisha Uthman (r.a.), na mikononi mwa Uthman ikaanguka katika kisima cha Aris, Madina. Wakaitafuta siku tatu hata maji yakatekwa yote, isionekane. Pete ikazama, lakini hakuna aya hata moja iliyozama pamoja nayo.

Tunajua kwamba wanazuoni wamekhitilafiana kuhusu hirizi yenye aya za Qur'ani tupu. Ama michoro na herufi zisizofahamika maana, hizo wamezikataza, kwani anayezitundika hajui anamwomba nani.

Sisi tunaoandika haya nasi tulivalishwa hirizi utotoni. Mama zetu hawakukusudia shari. Walikuwa na hofu. Lakini degedege la mtoto mwenye homa kali, hapa kwetu Pwani, mara nyingi hutokana na malaria, na malaria kali haisubiri. Mtoto alazwe kwa ubavu, asitiwe chochote kinywani, na apelekwe haraka kwenye kituo cha tiba. Kumsomea Falaq na Nas njiani ni sunna njema. Kumsomea nyumbani hadi kupambazuke ni kumchelewesha.

Hatukumvua mtoto yule kibati mbele ya wenziwe. Baada ya Magharibi tulikwenda kwao, tukamweleza mama yake haya yote kwa upole. Alitusikiliza hadi mwisho, kisha akasema: "Ustadhi, nimekuelewa. Lakini fundi anakaa nyumba ya tatu, na nikigonga saa nane za usiku ananifungulia. Nyinyi mtanifungulia? Na nauli ya kufika Tumbi nitaitoa wapi?"

Tulirudi tumeinamisha vichwa. Kamati ya msikiti ilikuwa imetenga fedha za zulia jipya. Kwa mgonjwa wa usiku haikutenga hata nauli. Tumekuwa tukikataza hirizi juu ya mimbari na kumwachia mama hofu yake peke yake.

Ijumaa iliyofuata kamati iliafikiana kwamba zulia lisubiri. Vijana wanne wa jamaa yetu wenye pikipiki wamekubali kupokezana zamu za usiku, na nauli itatoka katika sanduku la sadaka. Namba zao zimebandikwa mlangoni mwa msikiti, upande wa akina mama vilevile. Tunaziomba kamati za misikiti ya jirani, Kibaha na Kisarawe, zitazame masanduku yao.

Kibati bado kimo shingoni mwa mtoto yule. Hatukumlazimisha mama, na tunatumaini atakivua mwenyewe, siku atakapogonga usiku tukamfungulia.

Wabillahi tawfiq.