Kariakoo: Soko lililobeba jina la wapagazi wa vita

Msikilizaji, kama hujawahi kufika Kariakoo, basi huenda mzigo wako umefika. Vitunguu, viazi, machungwa na maharage kutoka mikoani huishia pale kabla ya kusambazwa mitaa yote ya Dar es Salaam. Vijana huvibeba mabegani, wakipita katikati ya watu na kupiga kelele wapishwe njia.

Jina la mahali hapo lilitokana na kazi ya kubeba. Kariakoo ni matamshi yetu ya jina la Kiingereza la kikosi cha wapagazi katika Vita vya Kwanza vya Dunia. Waingereza waliiteka Dar es Salaam mwezi Septemba 1916, wakawaweka wapagazi wao katika eneo ambalo Wajerumani walikuwa wamejenga jengo la soko kabla ya vita. Vita viliisha, kambi ikaondoka, jina likabaki. Nairobi nako kuna Kariokor, kwa sababu hiyo hiyo.

Kila tarehe 25 Julai taifa huadhimisha Siku ya Mashujaa, na mwezi Novemba mataifa mengi huwakumbuka waliokufa katika vita vya dunia. Lakini waliolipa eneo la Kariakoo jina lake, wengi wao hawana kaburi linalojulikana wala jina kwenye jiwe. Kwa nini?

Vita vya nani?

Vilianza Ulaya mwaka 1914. Tanganyika ilikuwa chini ya Wajerumani, Kenya na Uganda chini ya Waingereza, na Kongo chini ya Wabelgiji. Majenerali walikuwa Wazungu, lakini askari wengi, hasa kuanzia mwaka 1917, walikuwa Waafrika, na waliwekwa pande zote mbili.

Havikuwa vita vya wenyewe kwa wenyewe kwa maana ya kawaida, ila vilikuwa na sura hiyo. Mwaka 1917 Waingereza waliunda kikosi cha King's African Rifles kilichochukua askari waliokuwa wa Wajerumani kabla ya kutekwa. Mtu aliyempiga risasi Mwingereza jana, leo alimlenga mwenzake wa zamani.

Wanaoandika historia walipenda nini?

Kwa miaka mingi vitabu vya vita hivi vilifuata mapambano na makamanda. Pambano la Tanga la Novemba 1914 limesimuliwa mara nyingi, kwa kuwa jeshi dogo la Wajerumani lililishinda jeshi kubwa lililoletwa na Waingereza kutoka India, na nyuki nao wakaingia vitani. Pambano la Mahiwa, mkoani Lindi, Oktoba 1917, linatajwa kuwa miongoni mwa yaliyomwaga damu nyingi zaidi. Katika siku nne, upande wa Waingereza ulipoteza zaidi ya watu 2,000, waliouawa na kujeruhiwa.

Kamanda wa Wajerumani, Paul von Lettow-Vorbeck, alirudi kwao akachapisha kumbukumbu zake mwaka 1920. Maofisa wa Kiingereza nao waliandika zao. Mwanahistoria anayetafuta habari huanza na karatasi, na karatasi ziliachwa na maofisa. Mpagazi aliyetoka Unyamwezi au Ukamba hakuacha shajara. Kama alirudi, alisimulia jioni nyumbani. Kama hakurudi, habari zake ziliishia njiani.

Kwa nini wapagazi walikuwa wengi hivyo?

Jeshi lilihitaji kula, na njia za magari hazikuwepo. Reli zilikuwa chache, na ng'ombe, farasi na punda walikufa kwa mbung'o. Kilichobaki kilikuwa kichwa na bega la mtu.

Fanya hesabu ndogo. Chukua mpagazi mwenye mzigo wa kilo 25 za unga, anayekula kilo moja kwa siku. Akitembea siku kumi kwenda na siku kumi kurudi, atakuwa amekula kilo 20, na askari aliye mbele atapata kilo tano tu. Jeshi linapozidi kwenda mbali na reli, ndivyo linavyohitaji watu zaidi wa kuwabebea wengine.

Ndiyo maana idadi ilipanda sana. Wanahistoria wanakadiria kuwa upande wa Waingereza na washirika wao uliwatumia watu karibu milioni moja kwa nyakati mbalimbali. Wengine walikwenda kwa ujira, wengi walikamatwa kupitia machifu na majumbe. Hesabu za serikali ya Kiingereza ziliweka vifo vya wapagazi karibu 95,000. Mwanahistoria Geoffrey Hodges, aliyechapisha kitabu kuhusu kikosi hicho mwaka 1986, aliona kuwa walizidi 100,000.

Wengi hawakuuawa kwa risasi. Waliuawa na kuhara damu, malaria, homa ya mapafu na njaa. Watu waliozoea ndizi walipewa unga wa mahindi ambao haukuiva vizuri, matumbo yakawaharibika.

Nyumbani nako hakukuwa salama. Majeshi ya pande zote mbili yalichukua vijana, ng'ombe na nafaka. Mvua iliposhindwa, Ugogo ikaingia katika njaa kubwa ya miaka ya 1917 hadi 1920, ambayo wazee waliiita Mtunya. Kwa familia nyingi za Dodoma, Mtunya ndiyo vita yenyewe. Haimo katika orodha ya mapambano.

Sanamu na makaburi

Mjini Dar es Salaam, barabara ya Samora inapokutana na Azikiwe, kuna sanamu ya askari aliyeshika bunduki yenye singe. Wenyeji wa zamani huiita Bismini. Iliwekwa mwaka 1927, mahali palipokuwa na sanamu ya Hermann von Wissmann, gavana wa zamani wa Kijerumani. Maandishi yake yanawataja wapagazi pia, na yanaahidi kwamba anayepigania nchi yake hatasahauliwa na watoto wake. Lakini aliyesimama juu ni askari peke yake. Katika sanamu ya Nairobi, mpagazi amesimama pamoja na askari.

Na makaburi je? Mwezi Aprili 2021, Tume ya Makaburi ya Vita ya Jumuiya ya Madola ilitoa ripoti iliyokiri kwamba watu wasiopungua 116,000, na huenda hadi 350,000, wengi wao kutoka Afrika Mashariki na Misri, hawakukumbukwa kwa majina au hawakukumbukwa kabisa. Serikali ya Uingereza iliomba radhi.

Ripoti hiyo ilionyesha kuwa halikuwa suala la kusahau tu. Miaka ya mwanzo ya 1920, utawala wa Tanganyika ulitaka makaburi makubwa ya wapagazi, yakiwemo ya Dar es Salaam, yaachwe yarudi kuwa pori. Askari wa Kizungu aliwekewa jiwe lenye jina. Mpagazi aliachiwa majani.

Je, inawezekana kurekebisha?

Tuna mfano wetu wenyewe. Vita vya Maji Maji vya 1905 hadi 1907 navyo viliandikwa kwanza na Wajerumani, vikaitwa fujo za washirikina. Mwaka 1968 wanafunzi wa chuo kikuu cha Dar es Salaam walitumwa vijijini kuwauliza wazee waliokuwa hai wakati ule. Walirudi na ushuhuda uliobadilisha jinsi vita hivyo vinavyofundishwa.

Wapagazi hawakubahatika kiasi hicho, na leo hakuna shahidi aliye hai. Waliopo ni wajukuu na vitukuu waliosikia. Hata hivyo Tume hiyo sasa inatafuta majina katika nyaraka za zamani, na jina lililo kwenye orodha halitoshi. Lazima mtu aweze kusema huyo alikuwa wa kijiji gani, mtoto wa nani.

Hapo ndipo simu yako inapofaa. Kama kuna bibi au babu anayesimulia kuhusu mtu wa ukoo aliyechukuliwa "kariakoo" asirudi, mrekodi. Muulize jina kamili, kijiji, aliyemchukua, njia waliyopita, na kama ilikuwa kabla au baada ya njaa fulani, kwa maana wazee wengi huhesabu miaka hivyo. Kama kuna kipande cha bati chenye namba au karatasi ya zamani, ipige picha, usiiuze wala usiisafishe. Nakala inaweza kupelekwa Makumbusho ya Taifa, au katika idara ya historia ya chuo kikuu.

Soko kuu la Kariakoo liliungua Julai 2021, na kazi ya kulijenga upya ikafuata. Watu wataendelea kulitaja jina hilo kila siku wakiuliza bei ya vitunguu. Wanaoweza kueleza lilitoka kwa nani wanapungua kila mwaka.