Dada, Usiipokee Benz ya Mtumba Kabla ya Kuipima



Ukiandama tu mwezi wa Mfunguo Mosi, Unguja nzima inakuwa harusi. Na katika mazungumzo ya posa siku hizi kimeingia kitu ambacho mama zetu hawakukijua. Wao walizungumzia mahari, kitanda na kabati, seti ya dhahabu na nguo za sanduku. Sasa linatajwa gari, na si gari lolote. Inatakiwa Benz, BMW au Audi, nyeusi au nyeupe, inayong'aa kwenye picha za simu. Ukiuliza bei unashangaa, maana gari alilolipanda tajiri wa Tokyo au London linauzwa hapa karibu na bei ya Toyota ndogo.

Rai yetu tunaitoa mapema ili tusikuchosheni. Gari la Kijerumani lililotumika si baya, na kupenda kizuri si dhambi. Lakini lisihesabiwe katika mahari, wala mtu asiingie deni kwa ajili yake, mpaka limepimwa na fundi anayelijua na mpaka pesa za kulitunza zimewekwa kando. Asiyekuwa na pesa hizo, Toyota ni stara yake na ya mkewe.

Kwa nini ni rahisi

Magari mengi ya Kijerumani tunayoyaona Unguja yamepitia Japani au Uingereza, kwa sababu na wao wanaendesha upande wa kushoto kama sisi. Japani gari jipya la mtu binafsi hukaguliwa baada ya miaka 3, kisha kila baada ya miaka 2, na ukaguzi huo ni ghali. Gari likizeeka, mwenyewe huona heri aliuze. Akienda kuliuza, wanunuzi wanajua kuwa spea zake ni ghali, basi bei inaporomoka.

Hapo ndipo wengi wetu tunapokosea hesabu. Gari la miaka 15 bei yake ya kununulia imeshuka, lakini spea zake hazikushuka pamoja nalo. Pampu ya maji ya BMW bado ni pampu ya BMW. Unanunua kwa bei ya gari dogo, unatengeneza kwa bei ya gari la kifahari. Wahenga walisema uzuri wa mkakasi, ndani kipande cha mti.

"Benz haifi"

Wazee wetu wanaosema Benz haifi hawasemi uongo. Wanaizungumzia Benz waliyoijua wao. W123, iliyotengenezwa kuanzia 1976 hadi 1985, na W124 iliyofuata kuanzia 1984 hadi katikati ya miaka ya 1990, zilikuwa na chuma kingi na kompyuta kidogo. Zilifanya kazi ya taksi Ulaya, Afrika na Uarabuni, na fundi wa kawaida aliweza kuzifungua na kuzifunga.

Magari yanayoletwa sasa ni wajukuu wa hayo, na sifa ya babu haimtibu mjukuu. Tuyataje machache yanayopatikana sana.

Benz C-Class ya W203, ya 2000 hadi 2007, inajulikana kwa kutu. Kisiwani kwetu, ambako upepo wenyewe una chumvi, hilo si jambo dogo. Iliyofuata, W204 ya 2007 hadi 2014, ni nzuri zaidi, lakini injini zake nyingi za petroli za silinda 4 zina udhaifu wa cheni ya ndani kulegea na meno yake kulika. Dalili ni mlio wa chuma kugongana kwa sekunde chache gari linapowashwa likiwa baridi. Tena ina kitasa cha umeme cha usukani ambacho kikifa, funguo inaingia na gari haliwaki. Utaliacha hapo hapo ulipolisimamisha.

BMW ya 3 Series aina ya E90, ya 2005 hadi 2012, ni raha kuendesha. Lakini injini nyingi za 320i za silinda 4 hufikia umri zikaanza kula oili, kwa sababu mipira midogo ya valvu inakauka. Sehemu nyingi za mfumo wa kupoza injini ni za plastiki, na plastiki huchoka kwa joto. Injini ya silinda 6 ya miaka hiyo ina pampu ya maji ya umeme ambayo mara nyingi hufa bila ya kuaga, na injini ikichemka kupita kiasi unaweza kuipoteza yote.

Audi A4 yenye injini ya lita 2 ya turbo, hasa za 2008 hadi 2011, ilipata jina baya kwa kula oili kutokana na ringi za pistoni.

Hatusemi kila gari la aina hizi lina maradhi haya. Yapo yaliyotunzwa yanayotembea mpaka leo bila ya matatizo. Lakini muuzaji akikwambia "halina tatizo lolote," wewe uwe unajua ni tatizo gani la kuuliza.

Namna ya kulipima

Nenda asubuhi na uombe gari lisiwashwe kabla hujafika. Gusa boneti. Ikiwa ina moto, uliza kwa nini, kisha rudi siku nyengine. Liwashe mwenyewe na usikilize zile sekunde za mwanzo.

Liache liwake dakika 10 limesimama, halafu mtu akanyage mafuta na wewe tazama nyuma. Moshi wa buluu ni oili inayoungua.

Funguo ikifunguliwa kabla ya injini kuwaka, taa za dashibodi lazima ziwake, ikiwemo taa ya injini, kisha zizime gari likishawaka. Taa isiyowaka kabisa huenda imezimwa kwa makusudi ili usiione.

Tafuta fundi mwenye mashine inayosoma kompyuta ya aina hiyo hasa. Asome, liendeshwe mpaka Mahonda na kurudi, kisha asome tena. Makosa yaliyofutwa jana usiku mara nyingi hurudi barabarani. Katika safari hiyo angalia giaboksi: isikushitue inapobadilisha gia. Muulize muuzaji oili ya giaboksi ilibadilishwa lini. Akisema haibadilishwi maisha, mwambie kuwa ZF, kampuni ya Kijerumani inayotengeneza giaboksi za BMW nyingi, yenyewe inashauri ibadilishwe kati ya kilomita 80,000 na 120,000.

Linyanyuliwe litazamwe chini: kutu, oili inayovuja, bushi zilizokatika.

Karatasi nazo ni ushahidi. Gari la Japani lililopita mnadani lina karatasi ya mnada yenye alama ya hali yake, na herufi R humaanisha liliwahi kupata ajali likatengenezwa. Gari la Uingereza, ukiwa na namba yake ya kule, rekodi za ukaguzi wake wa kila mwaka pamoja na maili zake zinasomwa bure kwenye tovuti ya serikali yao. Kilomita kwenye dashibodi zikiwa chache kuliko za ukaguzi wa miaka 5 iliyopita, jibu umelipata. Na kumbuka kuwa huko barabara humwagiwa chumvi wakati wa baridi, kwa hiyo kutu inaweza kuwa imeshaanza safari kabla ya kufika bandarini Malindi.

Msidanganyike na kilomita chache peke yake. Gari la miaka 16 lenye kilomita 60,000 linasikika kama bikira, lakini mipira na plastiki zinahesabu miaka, hazihesabu safari.

Kisiwa kina hukumu yake

Unguja ina urefu wa kilomita 85 hivi. Sedani iliyotengenezwa kukimbia kilomita 500 kwa pumzi moja hapa kazi yake ni foleni ya Darajani na Mwanakwerekwe, jua kali, na kiyoyozi kisichozimwa. Masika ikija, njia za ndani za Fuoni na Tomondo zinajaa maji, na gari la chini lililojaa waya halipendi kuogelea. Anayeishi Mji Mkongwe analiacha mbali na nyumba, kwa sababu vichochoro vyetu vilijengwa kwa ajili ya watu na punda. Likilala karibu na bahari kila usiku, chumvi inalila.

Kisha ipo habari ya spea. Ya Toyota utaipata Mlandege kabla ya adhuhuri. Ya Audi huenda ikatafutwa Kariakoo ikapandishwa boti, au ikaagizwa Dubai. Kabla ya kununua, jiulize: ni mafundi wangapi Unguja wanaolijua gari hili, na nani kati yao ana mashine yake? Ikiwa jibu ni mmoja, basi umenunua gari pamoja na fundi, na bei ataipanga yeye.

Kwa ajili hiyo sisi tunaushika mwiko mmoja. Bei ya kununulia ikiwa shilingi milioni 15, iwepo milioni 5 nyengine isiyoguswa kwa ajili ya mwaka wa kwanza. Oili ibadilishwe kila kilomita 5,000 hadi 7,500, hata kama kitabu cha Ulaya kimeandika 15,000 au zaidi. Aliyeweza haya na akapata gari safi, amfurahishe mkewe na Mwenyezi Mungu awabariki. Asiyeweza, asijidhulumu.

Mahari ni yako, basi iwe na thamani

Sasa tufike pale panapotuuma. Mahari ni haki ya mwanamke. Si ya baba, si ya mjomba, na mume hana haki ya kuigusa ila kwa ridhaa yako. Bi harusi aliyepewa bangili za dhahabu ana akiba inayokaa kabatini bila ya kuhitaji fundi. Aliyepewa sedani ya miaka 15 ana mali inayopungua kila mwezi na inayodai pesa kila mwezi. Ukikubali gari liwe mahari, umekubali kuipokea haki yako katika sura ya kitu kinachoyeyuka. Tunaona ni heri mahari ibaki pesa taslimu au dhahabu, na gari liwe zawadi nje ya mahari.

Na likiwa zawadi, kadi iandikwe jina la nani? Uliza kabla ya siku ya ndoa, kwa upole na mbele ya wakubwa. Wapo dada waliopigiwa vigelegele kwa gari, kumbe kadi ina jina la shemeji, au gari lina deni. Kumiliki ni karatasi iliyosajiliwa ZRA, si utepe uliofungwa kwenye boneti. Na ikiwa kuna siku mtahamia Bara, ulizeni mapema kodi na taratibu za gari lenye namba ya Zanzibar likivuka.

Kwa wauzaji tuna neno. Mtume wetu, swalla Allahu alayhi wasallam, alitia mkono katika rundo la chakula sokoni akakuta ndani kumerowa, na akamkemea mwenye mali kwa kuficha. Kumwaga oili nzito ili moshi usionekane, au kurudisha nyuma kilomita, ni rundo lile lile. Maneno "nimekuuzia kama lilivyo" hayamvui dhamana anayejua kasoro akaificha. Na mnunuzi aliyekuta aibu iliyokuwepo kabla ya mauzo ana hiari ya kulirudisha, basi asikae kimya. Aende haraka kwa muuzaji, na pakizuka mzozo aulize wanavyuoni.

Juu ya deni, msimamo wetu hautikisiki. Mtume alikuwa akijikinga kwa Allah na uzito wa deni, na sisi tunalibeba kwa hiari kwa ajili ya picha za siku moja. Anayehitaji gari kwa kazi na familia, zipo njia za halali. PBZ ina huduma za Kiislamu, na mpango wa murabaha, ambapo benki hununua kisha ikakuuzia kwa faida inayojulikana, unaulizika. Lakini anayehitaji gari kwa ajili ya msafara wa bwana harusi tu, akodi au aazime kwa rafiki. Jioni linarudi kwao, na ndoa inaanza bila ya mdai mlangoni.

Mwisho, dada zetu, mkienda gereji fuataneni na kaka au baba, ni kheri na ni stara. Lakini maswali yaulizeni nyinyi. Mafundi wengi humjibu mwanamume aliyesimama nyuma yako hata kama pesa ni zako. Usiudhike. Rudia swali lako mpaka ujibiwe wewe, na ukiona jibu linazungushwa, funga mkoba wako urudi nyumbani. Magari ya kuuza hayajapata kumalizika Unguja.

Mwenyezi Mungu atujaalie riziki ya halali na ndoa zenye utulivu. Wabillahi tawfiq.