Mkasi wa Álvarez ulikuwa silaha

Wapo wadaio kwamba sanaa ya wanyonge haina budi kungoja fedha. Ndugu Santiago Álvarez wa Cuba aliukanusha uzushi huo. Mwaka 1965, nchi yake ikiwa imewekewa vikwazo na Marekani, alikusanya picha za magazeti na vipande vya filamu za habari zilizopigwa na wengine, akavikata, akaviunga na kuvioanisha na wimbo ulioimbwa na Lena Horne. Ikazaliwa “Now!”, filamu ya dakika zipatazo 6 tu, iliyoufichua ubaguzi wa rangi wa Marekani kwa picha za Wamarekani wenyewe.

Álvarez alifariki mwaka 1998, lakini funzo lake li hai: filamu kuukuu iliyotupwa ghalani ni ushahidi. Anayeiacha ioze anamsaidia dhalimu kufuta nyayo zake.