Eti Msanii Hana Ndugu?

Mwezi uliopita, kwenye kikao chetu, mwenzetu mmoja alisimama akatangaza kwamba kaacha kazi dukani kwa mjomba wake ili aandike riwaya. "Msanii wa kweli hana ndugu," akasema. Tukapiga makofi. Mimi nilipiga kuliko wote, na mpaka leo naona haya.

Maana nauliza, wasanii wenzangu: huyo asiye na ndugu anakula wapi? Anapokula mimi napajua. Anakula kwao Buguruni, sahani imefunikwa kawa, na mpishi ni dada yake, ambaye kaachishwa masomo ya jioni akakae dukani badala ya msanii wetu. Kama hii ni kafara, basi aliyechinjwa ni dada. Nani kati yetu kamwuliza kama naye ana daftari chini ya godoro?

Nawasikia mnaguna: "Huyu keshakuwa mzee!" Wapi! Wazee nao nina kesi nao. Mimi ni kifungua mimba, baba kastaafu, ada ya wadogo zangu wawili iko juu yangu, na naitoa bila kinyongo. Lakini nikishika kalamu tu, nyumba nzima inaona nimekaa bure. "We, hebu kalete mkaa!" Ningekuwa nasomea uhasibu, hata redio ingepunguzwa sauti.

Wakiishiwa maneno wanamleta Shaaban Robert. Mbona alikuwa karani na vitabu akaandika? Kweli, alianza ukarani forodhani mwaka 1926, zama za Mwingereza. Ila hadithi hawaimalizi. Alifariki 1962, Utubora Mkulima kikatoka 1968, mwenyewe yuko kaburini miaka sita. Halafu karani ana mshahara wa mwezi. Sisi wengi ni vibarua, leo kipo kesho hakipo, na simu ya nyumbani haijui tofauti.

Basi nimemwambia mama: ada nitaleta, mkaa nitabeba, msibani nitakesha. Ila kuanzia saa kumi na moja alfajiri mpaka saa moja, mtu asiniite. Mama kacheka. Baba hajajibu, anasoma gazeti lile lile tangu juzi.

Na Jumapili naenda Buguruni. Simfuati mwenzetu. Namfuata dada yake, nimwulize habari ya lile daftari.