Diwali ya siku mbili si ujinga

Mwaka 2024 Wahindu walitofautiana: Diwali iwe Oktoba 31 au Novemba 1? Wako waliocheka. Naona kicheko hicho hakina msingi.

Diwali huadhimishwa siku ya giza la mwezi, yaani amavasya. Siku hiyo hupimwa kwa nafasi iliyo baina ya jua na mwezi, wala si kwa saa. Mwaka huo ilianza alasiri ya Oktoba 31, na kule Delhi ikaisha Novemba 1 baada ya magharibi. Kila jioni ikawa na hoja yake. Nairobi, iliyo nyuma kwa saa mbili na nusu, ilikwisha jua lingali juu. Kwa hesabu ya hapa, basi, jioni ilikuwa moja tu: Oktoba 31.

India iliunda kamati ya Meghnad Saha mwaka 1952 isawazishe kalenda. Kalenda ya taifa ikaanza mwaka 1957, lakini panchang za kidini zikabaki.

Walimu wenzangu, tunaopanga mitihani tusitegemee kalenda iliyochapwa ng'ambo; tuwaulize wazee wa mahekalu yetu mapema. Nasi tunaobishania mwezi wa Idd, tumcheke nani?