Kitovu cha Liyongo na kidole cha mama mweka hazina

Nimepotea kidogo, najua. Nilikuwa Garsen kikazi, na kule stima ikipotea hata mtu wa kompyuta hugeuka mtu wa kawaida. Nimerudi na hasira, na hasira yenyewe imenipeleka kwa Fumo Liyongo. Nivumilieni, nitafika.

Kikundi kimoja cha akiba na mikopo (sitakitaja) kiliniomba niwaandikie programu ya hesabu zao. Majina, hisa, mikopo, riba, basi. Tukiwa karibu kumaliza, mwenyekiti akaja na habari kwamba kuna muuzaji amewashawishi: watu wasiingie kwa neno siri, waingie kwa kidole. Alama zote zitatunzwa kwenye seva ya huyo muuzaji, wao wasihangaike. "Mwanangu," akaniambia, "neno siri linasahaulika. Kidole hutakisahau nyumbani." Tukacheka wote.

Kisha tukamjaribu mama mweka hazina. Akaweka kidole, kimya. Akaweka tena, kimya. Akajifuta kwa leso, akaweka mara ya tano, bado. Mikono ile imelima mpunga na kusuka mikeka tangu utotoni, alama zimelika. "Kwa hiyo mimi si mimi?" akauliza. Hapo hakuna aliyecheka.

Usiku sikulala vizuri. Mbu ni sehemu ya sababu. Lakini pia nilikuwa nawaza kwamba mahali pale, ukifuata mto Tana hadi unapoingia baharini Kipini, ndiko watu wanakoonyesha kaburi la Liyongo. Na Liyongo ndiye mtu wa kwanza ninayemjua kwetu aliyekufa kwa kosa la usalama.

Vijana wanaotengeneza michezo ya kompyuta huniuliza wapate wapi mchawi mvumbuzi wa kumtia kwenye mchezo wao. Wanachukua mzee wa Ulaya mwenye ndevu na kofia ndefu. Jamani! Wataalamu hawajakubaliana Liyongo aliishi karne gani, wala ni kiasi gani cha habari zake ni kweli. Lakini Edward Steere alichapisha hadithi yake mwaka 1870, na Muhamadi Kijumwa wa Lamu akaitungia utendi mwaka 1913. Yumo mle, anawangoja.

Watu humsifu kwa nguvu. Mkoba wake ulikuwa na kinu na mchi ndani, wengine wakishindwa hata kuuinua. Mimi nguvu hazinishangazi. Kinachonishangaza ni fundi aliyekuwa ndani ya yule pandikizi la mtu. Mfalme wa Pate alimwogopa, akapanga njama: wenzake wale makoma kwa zamu, kila mmoja apande mkoma wake awaangushie wengine, na siku ya Liyongo akiwa juu, wampige mishale. Ukiwahi kuona mkoma, na kule Tana imejaa, utajua mtu akiwa juu yake hana pa kukimbilia. Zamu yake ilipofika hakupanda. Alitoa upinde akayaangusha makoma kwa mshale kutoka chini. Wakapata matunda waliyoyataka, na njama ikabaki haina kazi. Hiyo ndiyo programu nzuri, haigombani na mteja, inatimiza ombi kwa njia ambayo mtego haukuitarajia.

Kisha gereza. Mama yake alikuwa akimpelekea chakula kwa mkono wa kijakazi Saada, na kila chakula kizuri kilipopita, walinzi walikila wao. Liyongo akauona udhaifu wa mfumo, kwamba askari hukagua kwa tumbo. Akatunga shairi, akamfundisha Saada, ujumbe ukapita mbele ya masikio yao: mama aoke mkate wa wishwa, ndani yake atie tupa. Walinzi wakaona makapi, wakasema huu ni wake mwenyewe, mpeni. Na kelele za kukata chuma je? Akaomba achezewe ngoma ya gungu kabla ya kuuawa. Nje matoazi yakalia, ndani tupa ikakata minyororo. Ujumbe uliofichwa, mzigo uliofichwa, na kelele za kuufunika wizi. Mimi nimesomea mambo haya darasani kwa vitabu vya bei mbaya.

Basi mtu huyo huyo, bingwa wa kuona matundu katika mifumo ya wengine, alikuwa na tundu lake. Silaha hazikumdhuru, isipokuwa sindano ya shaba akichomwa kitovuni. Mfalme akamwahidi mwanawe binti yake, kijana akamuuliza baba, na baba akamwambia, ingawa alishuku. Alipolala akachomwa. Akaamka, akachukua upinde, akaenda kupiga goti karibu na kisima, akafia pale, mshale u tayari. Watu wakakaa siku kadhaa bila maji kwa kumwogopa maiti. Hata mama yake alipoitwa aje kumbembeleza, alikuja wakimdhania yu hai na ana hasira.

Nimesikia hadithi hii tangu mdogo, na kila mara msimulizi husema kosa la Liyongo ni kumwamini mtoto. Mimi sikubali. Mtu atawaambia watu wake siri, ndivyo tulivyo. Mfumo unaomtaka binadamu asimwamini mwanawe umeshavunjika kabla ya adui kufika. Kosa ni kwamba siri ilipotoka, haikuweza kubadilishwa. Kitovu ni kimoja. Mwaka 1883 Auguste Kerckhoffs aliandika kuhusu siri za kijeshi kwamba mfumo mzuri hauharibiki hata ukianguka mikononi mwa adui, na ufunguo wake lazima uweze kubadilishwa wenye nao wapendapo. Liyongo alishindwa sharti hilo la pili.

Na kidole? Kidole ni kitovu. Mwaka 2015 serikali ya Marekani ilikiri kwamba alama za vidole vya watu milioni 5.6 zilizotunzwa na ofisi yake ya watumishi ziliibwa. Neno siri likiibwa unaweka jingine jioni ile ile. Wale milioni 5.6 wafanye nini, wakaote vidole vipya?

Wala si lazima kuibiwa. Panda na mto hadi Garissa. Kuna Wakenya waliopelekwa kambi za Dadaab utotoni, miaka ya njaa na ukame, wakaandikishwa kama wakimbizi ili wapate chakula na huduma. Walipokua wakaomba kitambulisho, mashine ikawaambia: vidole hivi ni vya mkimbizi. Maelfu ya watu wamekaa miaka bila kitambulisho, maana yake bila kazi rasmi na bila laini ya simu kwa jina lao. Halafu mwaka 2019 tukapanga foleni ya Huduma Namba, vidole tena, na Oktoba 2021 Mahakama Kuu ikasema kadi zake zilianza kutolewa kinyume cha sheria, bila kupima kwanza hatari kwa data za watu kama Sheria ya Ulinzi wa Data ya 2019 inavyotaka. Vidole tulikuwa tumeshavitoa.

Najua mtaniambia: mbona wewe unafungua simu yako kwa kidole? Kweli, nafungua. Kile hakitoki kwenye simu yangu, na simu ikikikataa naingiza namba. Ugomvi wangu ni na seva ya mtu nisiyemjua, inayokusanya vitovu vya kijiji kizima.

Asubuhi niliwaambia haya, kwa kifupi kuliko nilivyowaambia ninyi. Mwenyekiti akanisikiliza, akauliza, "Sasa wewe unataka tutumie nini?" Kabla sijajibu, mama mweka hazina akanyoosha kidole chake kilichokataliwa pembeni ya chumba. Lilikuwepo sanduku lao la bati la zamani, lenye kufuli tatu, funguo kwa watu watatu tofauti. Kufuli moja ilikuwa mpya, inang'aa.

"Ile ya katikati tuliibadilisha mwaka jana," akasema. "Aliyekuwa na ufunguo aliolewa Malindi, akaondoka nao."

Nimekaa siku mbili zaidi kuandika upya. Hakuna mkopo unaotoka mpaka watu watatu waingize namba zao, na mtu akiondoka kwenye kamati namba yake inafutwa. Muuzaji wa vidole amenipigia simu mara nne. Bado sijapokea.